Bibi wa Kijapani na Filamu ya Mume Wangu

Nilipoanza kazi kwa yule bibi wa Kijapani, mume wangu alikuwa ameshatimiza mwaka kaburini. Nilikuwa naishi Hillbrow, Johannesburg, juu kabisa kwenye jengo ambalo lifti yake ilikufa zamani, chumba kimoja tumekigawa kwa pazia: mimi upande wangu, familia ya Wakongo kutoka Bukavu upande wao. Mchana nilisuka nywele kando ya barabara, karibu na stendi ya teksi. Mmoja wa wateja wangu alikuwa anasafisha ofisi Midrand, na ndiye aliyeniambia kwamba kuna bosi wa Kijapani pale anatafuta mwanamke wa kushinda na mama yake na kumpikia.

"Ila hataki mtu wa maneno mengi," akasema.

Wakati ule sikuwa na maneno hata machache.

Nyumba ilikuwa ndani ya ukuta mrefu wenye walinzi getini, nyumba zote zimefanana mpaka siku za mwanzo nilikuwa napotea. Mwenyewe alikuwa mtu wa makamo, mkimya, anafanya kazi kwenye kampuni ya kusafirisha vipuri vya magari. Alinionyesha jiko kwa Kiingereza cha kukatakata. Mama yake ni mzee, akasema, ana tabia ngumu, Kiingereza hajui. Nihakikishe anakula na hatoki getini. Kisha akanyoosha kidole kwenye mlango mmoja uliofungwa, akachukua funguo za gari, akaenda zake kazini. Hakugonga ule mlango kumuaga mama yake. Niliona hilo siku ile ile ya kwanza.

Nikaanza kupika. Nilipofunua sufuria mvuke ukanipiga mkononi, nikapiga kelele: "Mama yangu wee!" Nikasikia sauti nyuma yangu: "Pole. Weka maji ya baridi, usiweke mafuta."

Niligeuka. Alikuwa amesimama mlangoni, kabibi kadogo, amechomeka penseli sikioni. Nilidhani nimeanza kuchanganyikiwa, maana tangu msiba nilikuwa nasikia mambo.

"Bibi, unajua Kiswahili?"

"Kwanza shikamoo," akasema.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Sasa mkono, chini ya bomba."

Kiswahili chake alikiokota Moshi, alipokuwa bi harusi mchanga. Mumewe alikuwa mhandisi wa mifereji kwenye mashamba ya mpunga, na yeye alikaa nyumbani na mtoto mchanga, akajifunza lugha kwa wanawake wa sokoni na kwa dada aliyekuwa anamsaidia kulea. Kilikuwa Kiswahili cha zamani. Alisema "senema" na "gari moshi", na mimi aliniita "dada" kama alivyozoea kule. Nilipomuuliza alifanya kazi gani kwao, akasema, "Mimi ni mwandishi wa senema," kama mtu anavyosema mimi ni fundi cherehani.

Habari za kazi yake nilizipata kidogo kidogo, tukimenya viazi. Waliporudi Japani mumewe akawa mtu wa safari, na yeye akapata kibarua cha kunakili. Kulikuwa na mwandishi mmoja mkubwa wa filamu, mtu mwenye jina, ambaye kampuni ilikuwa inamfungia kwenye nyumba ya wageni huko milimani mpaka amalize kuandika. Mwandiko wake ulikuwa hausomeki. Kazi ya bibi ilikuwa kukaa chumba cha pili na kuandika upya kila ukurasa kwa mwandiko safi. Siku moja mzee alilewa, na kampuni ilikuwa inasubiri. Bibi akaiandika mwenyewe ile sehemu iliyobaki. Mzee alipoamka akaisoma, akamwambia aandike na inayofuata.

Ikawa hivyo miaka mingi. Maneno yake yalitoka vinywani mwa waigizaji, watu wakalia kwenye kumbi, na jina lililopanda kwenye pazia lilikuwa la mzee.

"Hukukasirika, bibi?"

"Nilikuwa najifunza," akasema. Akamenya kiazi kingine. "Na nilikasirika."

Mzee alipokufa, kampuni ilishangaa kuona kurasa za mtindo wake zinaendelea kuja baada ya mazishi. Ndipo wakampa bibi kazi kwa jina lake. Aliandika mpaka kumbi za sinema zikaanza kuwa tupu, kisha akaandikia televisheni, michezo ya mchana, ile ambayo wanawake wanaiangalia huku wanapiga pasi. Mwishowe simu ikaacha kulia. Mumewe akafa. Mwanawe, aliyekuwa ameshahamishiwa Johannesburg, akamleta akae naye.

Kila asubuhi bado alikaa mezani. Alikuwa na karatasi zenye vyumba vidogo vidogo, kila herufi na chumba chake, akiandika kutoka juu kwenda chini. Nilimuuliza anamwandikia nani. Akasema hamwandikii mtu, ila mkono usipofanya kazi utasahau. Akanifundisha na sheria ya kazi yake: kwenye filamu huandiki kwamba mtu ana huzuni. Unaandika kinachoonekana na kinachosikika, basi. Huzuni aitafute mwenyewe aliyekaa kwenye kiti.

Mwaka wangu wa pili pale, simu ikalia kutoka Tokyo. Alikuwa mtayarishaji wa filamu, mwanamke kijana, anatafuta hadithi ya kupigwa Afrika Kusini, na alikuwa amesikia kwamba mwandishi fulani wa zamani anaishi huku. Bibi aliongea naye amesimama wima kama askari. Kesho yake alinitaka nimkate nywele ziwe fupi. Kisha, nikiwa naosha vyombo, akaniuliza:

"Mumeo alikufaje?"

Hakuwahi kuniuliza. "Moshi ulimuua," nikasema.

"Hiyo ni ripoti ya hospitali. Mimi nataka kuona."

Niliacha sahani kwenye maji, nikachukua mkoba, nikaondoka bila kuaga. Sikwenda kazini siku iliyofuata wala ile nyingine. Niliporudi nilimkuta mezani. Hakuomba radhi.

"Sikuahidi kwamba itakusaidia," akasema. "Kwa kawaida haisaidii. Lakini nikiandika mimi, atakuwa mtu."

Nilikaa kitako. Nadhani nilikubali kwa sababu hakuna aliyewahi kuniuliza. Polisi waliniuliza kama marehemu alikuwa na vibali. Ndugu zake kule Tanga waliniuliza mwili unafika lini. Namna alivyokuwa saa zile za mwisho, hakuna aliyetaka kujua.

Tulikuwa na spaza Soweto, duka dogo la mtaani, kwenye kibanda cha bati na matofali uani kwa gogo mmoja, ndivyo wanavyomwita bibi kule, mama wa Kizulu aliyetupangisha. Tuliuza mkate, mafuta ya taa, vocha, sigara mojamoja, na soda za baridi. Siku ile fununu zilianza asubuhi kwamba mtaa wa pili wanavunja maduka ya wageni. Baada ya adhuhuri tukaanza kusikia nyimbo. Gogo alikuja mbio na kandambili, akanishika mkono. "Twende kwangu, mwanangu, twende sasa hivi." Mume wangu akasema, "Nenda, nafunga, nakuja."

"Alikuwa ameshika nini?" bibi akauliza.

"Kufuli."

"Mkono gani?"

Nikafikiri. "Wa kushoto. Alikuwa ana shoto."

Na hapo ndipo nililia, kwa sababu katika miaka miwili na zaidi nilikuwa nimesahau kabisa kwamba mume wangu alikuwa ana shoto. Nilikuwa nimebaki na picha ya maiti tu, na maiti haina mkono wa kulia wala wa kushoto. Alisubiri nimalize, kisha akaandika.

Tuliendelea hivyo wiki nyingi. Gogo alinificha nyuma ya kabati chumbani kwake, kwa hiyo sehemu yangu kubwa ilikuwa ya kusikia. Nilimwambia nilichosikia: miluzi, nondo kwenye bati, vicheko vya watoto waliokuwa wanakuja kwetu kila siku kununua pipi. Friji ikiburutwa, miguu yake ikikwaruza sementi. Mtu akisema "Sharp, sharp," yaani sawasawa, kama wanavyosema watu wanapohamisha kabati la jirani. Mume wangu alikuwa amejifungia stoo. Godoro letu lilichomwa mlangoni. Alitolewa akiwa hai, na aliishi hospitali mpaka Ijumaa.

Bibi akataka kupaona. Mwanawe alikataa, akasema ni hatari kwa mzee. Tukasubiri ameenda kazini, tukaita gari. Sikuwa nimerudi kule tangu msiba. Kwenye kila robot, zile taa za barabarani, nilitaka kumwambia dereva ageuze.

Kile kibanda kilikuwa kimepakwa rangi upya na kulikuwa na mwenye duka mwingine, kijana wa Kihabeshi, nyuma ya nondo nene kuliko zetu. Gogo aliponiona alinikumbatia, akalia, akanishika uso kwa mikono yote miwili. Alikuwa amezeeka sana. Akatukaribisha ndani, akatenga chai, akafungua friji kutoa maziwa.

Ilikuwa friji yetu. Mpini wake ulivunjika zamani, na mume wangu alikuwa ameutengeneza kwa kipande cha bomba na waya wa bluu. Waya ulikuwepo.

Gogo aliona nimeona. Alibaki ameshika pakiti ya maziwa.

"Waliiacha barabarani, mwanangu," akasema kwa sauti ndogo. "Nisingeichukua mimi, angechukua mwingine. Eish. Ningefanyaje?"

"Hakuna shida, gogo," nikasema.

Akanimiminia maziwa, nikanywa ile chai yote. Bibi hakujua Kizulu wala Kiingereza, lakini alikuwa anaangalia mikono yetu, mmoja baada ya mwingine.

Kwenye gari akasema, "Friji ile ni yenu."

"Usiandike."

"Dada..."

"Yule mama aliniokoa, bibi. Aliniweka nyuma ya kabati lake, wangejua wangemchoma na yeye. Usiandike."

Akaangalia nje muda mrefu. "Nitafikiria," akasema.

Aliandika tangu masika mpaka baridi ikaingia. Mimi Kijapani sisomi, hivyo sikujua kilichomo. Aliyeniambia ni mwanawe. Jumamosi moja alinikuta jikoni, akaweka kurasa mezani, akasema amezisoma, akataka kujua kama ni kweli: mjane anapewa chai yenye maziwa yaliyotoka kwenye friji ya mumewe.

Akavuta kiti. Ilikuwa mara ya kwanza kukaa na mimi.

"Na mimi aliniandika," akasema.

Alipokuwa mdogo, hata shule hajaanza, bibi yake mzaa baba alimpeleka kule milimani kumwona mama yake. Walifika kwenye nyumba ya wageni wakaambiwa mwandishi hasumbuliwi. Akasimama getini. Mama yake akatokea dirisha la juu, wakaangaliana, kisha mama akavuta pazia. Miaka ikapita, mtoto akawa kijana, akaenda sinema na wanafunzi wenzake. Katikati ya filamu akaliona lile geti, na mtoto amesimama, na pazia linavutwa.

"Aliandika vizuri sana," akasema. "Ukumbi mzima ulilia. Rafiki zangu walilia. Mimi sikulia."

"Ulimwambia?"

"Nimwambie nini? Alikuwa anajua nitaiona."

Nilimfuata bibi chumbani kwake. Nikamwambia tulikubaliana. Akasema hatukukubaliana, alisema atafikiria, na alifikiria.

"Gogo atafedheheka."

"Hataiona. Soweto nani ataangalia senema ya Kijapani?"

"Mimi nitaiona."

Hapo aliweka penseli chini, akayasugua macho yake.

"Dada, nikiitoa friji, watu watawachukia wale waliokuja na nondo, halafu watakwenda nyumbani walale. Wao si watu wa nondo. Lakini kila mtu ana kitu cha jirani ndani ya nyumba yake. Friji ikibaki, hawatalala."

Nilimwelewa. Mpaka leo namwelewa, na sikumsamehe. Nilibaki kwa sababu nilihitaji kazi, na kwa sababu yeye ndiye mtu pekee katika jiji lile aliyejua mume wangu alikuwa ana shoto.

Tokyo waliupenda ule muswada. Mtayarishaji alipiga simu, bibi akaniambia kwamba jina lake litakuwa la kwanza, kabla ya mwongozaji. Alinituma nikanunue keki. Tulikula keki sisi wawili, mwanawe aliikuta jioni imefunikwa kwa sahani na hakuigusa.

Wakati mambo ya fedha na waigizaji yanapangwa, kiharusi kikampiga. Nilimkuta asubuhi sakafuni kati ya kitanda na meza, macho wazi. Aliporudi kutoka hospitali upande wa kulia ulikuwa umekufa, na Kiswahili kilikuwa kimeondoka chote. Nilimwambia shikamoo, akaniangalia kama mtu anayesikia redio ya nchi nyingine. Kijapani kilibaki, vipande tu. Nilimwogesha, nikamlisha kwa kijiko, nikamgeuza asipate vidonda, na sikujua anataka nini. Miaka miwili tulikuwa tumeongea kila siku, sasa akisema neno nilikuwa namfungulia dirisha, namletea maji, namfunika blanketi, mpaka nibahatishe.

Hivyo mwanawe akalazimika kuingia mle chumbani. Mwanzoni alisimama mlangoni akitafsiri. "Anasema miguu ina baridi." "Anauliza umekula." Baadaye akaanza kukaa kwenye kiti, ameweka mikono magotini. Jioni moja bibi aliongea maneno mengi kwa mfululizo, akiangalia ukuta. Mwanawe hakutafsiri.

"Anasema nini?" nikauliza.

"Anasema mtoto yuko getini, mwambieni aingie."

Nikasubiri.

"Kwenye filamu hakuna maneno hayo," akasema. Alikuwa anamwangalia mama yake kwa makini, kama fundi anayesikiliza injini. "Sijui kama ananiona mimi, au anarekebisha."

Hakumuuliza, na hata angemuuliza sidhani kama angejibiwa. Alimfuta mate kwa kitambaa, akatoka.

Bibi alifariki majira ya baridi ya mwaka 2019, mchana, jua limejaa chumbani, wakati nakunja mashuka. Nilimfunga taya kwa mtandio wangu kama tunavyofanya kwetu, kisha nikampigia simu mwanawe. Kwenye kuchomwa kwa mwili tulikuwa watu wachache sana: mwanawe, wenzake wawili wa kazini, na mimi. Gazeti moja la kwao liliandika habari fupi, akanisomea kwenye simu yake. Zilitajwa filamu tatu. Zile zilizowafanya watu walie, alizoziandika chumba cha pili, hazikutajwa, kwa sababu mpaka leo zina jina la mzee.

Watu wa filamu walikuwa waje mwezi wa tisa. Walikuwa wameshachagua nyumba ya kupigia filamu Soweto, na mimi nilikuwa nimeahidiwa kazi ya kumfundisha mwigizaji Kiswahili cha Tanga. Mwezi wa tisa ulipofika, maduka ya wageni yakaanza kuchomwa tena, safari hii mpaka mjini kati. Hillbrow tulifunga milango. Mama wa Bukavu alikaa na wanawe upande wao wa pazia, wakiongea kwa Kizulu walichojifunza shule, naye anawanyamazisha. Nilisikia miluzi chini barabarani. Nilijikuta nasimama nyuma ya kabati bila kujua nimefikaje.

Mtoto wa bibi alinipigia simu hali ilipotulia. Kampuni ya bima ya Tokyo imekataa, akasema. Hawawezi kuleta watu Johannesburg wakati wageni wanauawa.

"Lakini filamu ndiyo inahusu hilo," nikasema.

"Ndiyo. Nimewaambia."

"Kwa hiyo basi?"

"Wataipiga nchi nyingine, yenye bahari. Wanabadilisha hadithi. Mume atakuwa Mjapani, mpiga mbizi. Hafi."

"Na gogo?"

"Hayupo."

"Na mimi?"

"Wewe pia hupo," akasema. Kisha, kwa heshima sana, akaniuliza kama nina chakula ndani.

Nikamwambia ninacho. Mwezi uliofuata kampuni ilimrudisha Japani. Ile filamu ya mpiga mbizi nayo sijasikia kama ilipigwa. Mimi nilibaki Hillbrow, nikaanza kupika chakula cha mchana kwa mafundi cherehani wa Kikongo wanaoshona kwenye ghorofa ya chini. Wateja wangu wengine ni walinzi, huja na sare zao, wanakula haraka wamesimama. Mmoja wao aliniuliza kama nina mume. Nikamwambia nilikuwa naye, alikuwa mtu wa Tanga, mwembamba, hapendi kelele, akicheka anafunika mdomo kwa mkono. Akaacha kutafuna, akaniuliza alikuwa anafanya kazi gani. Nikamwongezea mchuzi, nikaanza kumweleza.